Mluzi wa Kilo Tatu

Koplo aliucheza tena ule ujumbe wa sauti, akaongeza na sauti ya simu, ingawa chumba kilikuwa kidogo na kila aliyekuwemo alikuwa na masikio mazima.

"Shemeji, yule Mluzi nimeshamkata. Kilo tatu. Hatapiga kelele tena."

Akaiweka simu mezani, akajiegemeza kitini kusubiri pongezi. Inspekta hakumpa. Mama huyu, ambaye kituo kizima kilimwita Bi Rula kwa kuwa hakuwahi kukubali neno lisilopimika, alikuwa anamwangalia mzee aliyeketi ng'ambo ya meza.

"Ni wewe unayezungumza hapa?"

"Ni mimi," mzee akasema, kidevu juu. "Na nilichosema ni kweli tupu. Nimemkata, na hapigi kelele."

Koplo akakohoa kidogo kwa furaha. Katika miaka yake yote ya kazi hakuwahi kupata mtuhumiwa anayejipalia makaa kwa bidii namna ile.

Mzee huyo alikuwa fundi wa vyombo vya muziki, na mji mzima ulimjua kwa jina la Fundi Kimya. Si kwamba alikuwa mtu wa maneno machache. Maneno alikuwa nayo ya kugawa, na mengi yalimhusu yeye mwenyewe. Jina lilitokana na kazi: hakukuwa na spika iliyounguruma wala kukwaruza mbele yake akashindwa kuinyamazisha. Sasa alikuwa ndani kwa sababu meneja wa ukumbi mkubwa wa sherehe aliokotwa juzi jioni chini ya ngazi za nyuma ya jukwaa, kichwa kimepasuka, na hadi asubuhi hii alikuwa hospitali hajafumbua macho. Meneja huyo alikuwa na mazoea ya kupiga mluzi kila anapopita koridoni. Wafanyakazi wakambatiza Mluzi. Na mchana wa siku ileile aliyoumizwa, yeye na Fundi Kimya walitupiana maneno mbele ya watu.

Ujumbe wenyewe ulikuja kituoni kwa miguu yake. Aliyeuleta ni shemeji wa fundi, mdogo wa mke wake, mtu wa makamo aliyejitambulisha kuwa dereva wa gari la vyombo na si zaidi. Alilia alipoutoa. Alisema hakujua maana yake. Kilo tatu yeye alidhani ni za nyama.

Maelezo ya Fundi Kimya yalikuwa marefu, na Inspekta aliyaacha yatiririke. Ukumbi ule, alisema, ulikuwa na ugonjwa wa siku nyingi. Maikrofoni ikisogezwa mbele ya jukwaa, spika zinapiga mluzi wa kutoboa masikio. Mafundi walipita wakashindwa. Yeye akagundua kwamba mluzi ule unakaa mahali pamoja tu, kwenye mitetemo elfu tatu na ushee kwa sekunde, ambayo mafundi wanaiita kilo tatu. Basi kikaundwa kichujio, kisanduku kidogo kinachoikata sauti hapo tu na kuziacha nyingine zipite. Alikifunga jioni ile, akajaribu, spika zikatulia, akampelekea shemeji yake habari njema.

"Kama unavyotoa jiwe kwenye mchele," alisema. "Jiwe linatoka, mchele unabaki."

"Ungekuwa mluzi wa spika," Koplo akaingilia, "ungesema ule mluzi, nimeukata. Wewe umesema yule, nimemkata. Yule ni mtu. Hata mtoto wa shule anajua hilo."

Ilikuwa hoja nzuri, na Koplo alijua ni nzuri. Inspekta akamgeukia.

"Gari lako lilipoharibika mwezi uliopita, fundi alikuambiaje?"

Koplo akafikiri. "Alisema huyu anakunywa mafuta sana."

"Huyu nani?"

"Gari, Afande."

"Ulimkamata?"

Fundi Kimya akacheka peke yake, akaacha alipoona hakuna anayecheka naye. Inspekta akamuuliza kama kisanduku alikiunda mwenyewe.

"Kwa mikono hii," akasema, akainyoosha juu ya meza.

Mikono ilikuwa inatikisika. Si kwa woga. Ilikuwa mitetemo ya umri, ile isiyomsikiliza mwenyewe. Alipopewa karatasi ya maelezo aliisogeza mbali na macho, akaomba asomewe, na sahihi yake ikatoka nje ya mstari. Inspekta aliitazama sahihi ile kwa muda mrefu kuliko ilivyohitajika, kisha akafunga jalada.

Mwendesha mashtaka alikuwa amekwisha kupiga simu. Alitaka jalada mezani kwake kabla mahakama haijafungwa siku hiyo, na shitaka alikuwa nalo tayari: kujaribu kuua. Nje, kwenye benchi la mapokezi, alikaa mke wa fundi tangu milango ilipofunguliwa. Ubavuni pake alikaa mdogo wake, yule aliyeleta ujumbe, ambaye mama huyo alimlea tangu mama yao alipofariki. Duniani alikuwa amebaki na hao wawili tu, mume huko ndani na ndugu ubavuni, naye alikaa akisubiri aambiwe lolote.

Kisanduku kilikuwa ofisini kwa Inspekta, ndani ya mfuko wa vielelezo. Walikwenda kukichukua ukumbini mara tu baada ya maelezo ya mzee, nyuma ya mashine ya kuchanganyia sauti. Kabla ya kukitia mfukoni, Inspekta alikichomoa, akaunganisha waya moja kwa moja na kumwambia mlinzi wa ukumbi awashe maikrofoni. Mluzi ulilia mpaka Koplo akaziba masikio kwa viganja. Alipokirudisha, ukumbi ukanyamaza.

"Mluzi upo, nakubali," Koplo alisema sasa, wakiwa wawili tu. "Lakini nani anajua kisanduku kinakata wapi? Mahakamani hatuwezi kupeleka masikio yangu. Tupeleke maabara kuu."

"Maabara kuu wana foleni ya wiki kadhaa. Mzee atazisubiri rumande."

Akafungua kompyuta yake, akaweka programu ambayo alikuwa ameipakua mwenyewe, ya kupimia na kuchora sauti. Koplo akauliza ofisi iliilipia kiasi gani. Aliposikia ni ya bure, uso wake ukaonyesha alichofikiri.

"Cha bure, Afande, hakiaminiki."

"Hewa nayo ni ya bure, na umeivuta tangu asubuhi. Vaa glavu."

Inspekta alitumikia kitengo cha mawasiliano miaka mingi kabla hajahamia upelelezi, na alipogusa waya mikono yake ilijua njia. Alimfanya Koplo apige picha kila hatua, kwa kuwa kipimo kisicho na shahidi ni hadithi tu. Kwanza aliunganisha tundu la kutolea sauti la kompyuta na tundu la kuingizia, kwa waya mtupu, bila kisanduku. Kompyuta ikapiga sauti iliyoanzia chini kabisa, kwenye mngurumo wa besi, ikapanda polepole hadi juu kwenye sauti nyembamba ambayo sikio la mtu mzima haliifikii. Ilichopiga ikakirekodi. Programu ikalinganisha kilichotoka na kilichorudi, kisha ikachora mstari: kushoto sauti nzito, kulia sauti nyembamba, na kimo cha mstari ni nguvu iliyobaki.

Mstari ulinyooka. Ndivyo ulivyotakiwa, kwa sababu waya mtupu hauna cha kukata.

Kisha akakiweka kisanduku katikati. Sauti ikapanda tena, mstari ukachorwa tena, na wote wawili wakainama kuuangalia. Ulikuwa umenyooka, isipokuwa mahali fulani ulizama kidogo, kama godoro lililokaliwa.

"Kitu hicho hakikati nyama wala mluzi," Koplo akasema. "Mzee katudanganya."

Inspekta alijua alichokisikia ukumbini, na mstari huu haukulingana nacho. Kati ya kisanduku na kompyuta, mmoja alikuwa mwongo, na yeye hakuwa na desturi ya kumwamini shahidi kwa sababu tu ana kioo. Akatoa kisanduku, akarudisha waya mtupu, akapunguza sauti hadi nusu, akapima. Mstari ungepaswa kushuka. Haukushuka hata unywele.

"Umeona?" akasema. "Nimempa nusu, anasema amepata yote."

Akaingia kwenye mipangilio ya kompyuta yenyewe, na huko akamkuta mkosaji. Kompyuta ilikuwa imewekewa mpango wa kumsaidia mtu anayeongea kwa sauti ya chini: ikisikia sauti hafifu, inaiongeza yenyewe bila kuombwa. Kila kisanduku kilipokata, kompyuta ilijaza. Inspekta akauzima mpango huo, akapima waya mtupu, akashusha sauti nusu, mstari ukashuka kama ilivyopaswa. Ndipo akakirudisha kisanduku.

Safari hii mstari ulikuja umenyooka kutoka kushoto, ukafika mahali ukaanguka wima kama ndoo iliyokatika kamba kisimani, kisha ukapanda na kunyooka tena hadi mwisho. Shimo lilikuwa jembamba na lenye kina cha desibeli arobaini, maana yake hapo sauti ilibaki sehemu moja tu ya mia. Kulia na kushoto kwake hakuna kilichoguswa. Inspekta alijisikia fahari, na hakuificha. Alitabasamu mbele ya Koplo, jambo ambalo Koplo alikuwa hajaliona tangu ahamie pale. Alijivunia kipimo chake, na alimwonea fahari mtu asiyemjua, yeyote yule aliyeiunda kazi ile.

Koplo alikuwa anahesabu kwa kidole. Chini ya mchoro kulikuwa na namba: mia, elfu moja, elfu kumi. Shimo lilikaa katikati kabisa ya elfu moja na elfu kumi.

"Katikati ya moja na kumi ni tano na nusu," akasema. "Elfu tano na mia tano. Si kilo tatu, Afande. Hata kama kinakata, kinakata pengine. Fundi hajatoka bado."

Kosa lile lingemfanya mtu mwingine acheke. Inspekta alimweleza taratibu kwamba mstari wa namba zile si rula. Kila hatua inazidisha mara kumi, haiongezi. Mia, mara kumi, elfu. Elfu, mara kumi, elfu kumi. Kwa hiyo katikati ya elfu moja na elfu kumi ni elfu tatu na mia moja na ushee. Kilo tatu, kama mzee alivyosema.

"Basi ni mkweli," Koplo akasema polepole.

"Kwa hilo, ndiyo. Lete bisibisi."

Walikifungua kisanduku na Koplo akapiga picha ndani. Vipuri vilikuwa vya kuokoteza, vingine vilitolewa kwenye redio za zamani, lakini viungo vya lehemu, ile risasi inayoyeyushwa kwa moto kushikanisha vipuri, vilikuwa vidogo na vya duara, vyote vya ukubwa mmoja. Inspekta akaikumbuka ile sahihi iliyotoka nje ya mstari. Mkono ule usingeweza kuweka hata kimoja kati ya hivi. Na alipoanza kumtafuta mwenye mkono, alikumbuka vidole vilivyomkabidhi simu jana: gumba na cha shahada vilikuwa na alama ndogo za moto. Usukani hauchomi vidole.

Kama shemeji ndiye aliyekiunda, basi alijua vizuri kilo tatu ni kitu gani, na alileta ujumbe ule akijua hauna ubaya. Lakini hayo yalikuwa mawazo ya Inspekta, na mawazo hayapelekwi mahakamani.

"Koplo," akasema, "ile hesabu yako ya tano na nusu. Nataka uirudie mbele ya mtu, vilevile, kwa kujiamini kulekule."

Koplo hakujua kama ametukanwa au amesifiwa.

Shemeji aliingia akaketi kwa adabu. Inspekta alimweleza kwamba wamemaliza kupima, na kwamba kuna maelezo ya nyongeza ya kutia sahihi, basi. Akaigeuza kompyuta ili mchoro umwelekee, akampa kalamu. Koplo akaanza kazi yake. Alionyesha shimo, akaonyesha elfu moja na elfu kumi, akasema katikati ni tano na nusu. Alipofika hapo alinogewa, akaongeza ya kwake: kwamba kisanduku ni cha hovyo, takataka, kimelenga tatu kikapiga tano, na aliyekiunda angefaa kuuza mkaa.

"Mahakamani kitaonyeshwa hivyo," Inspekta akasema. "Mafundi wote wa mji wataitwa kukiangalia. Tia sahihi hapo chini, kaka."

Kwa masilahi yake, shemeji alipaswa kusaini na kwenda zake. Mzee angeonekana mwongo na mambo yangekwisha. Kalamu iligusa karatasi. Haikuandika. Macho yake yalikuwa kwenye mchoro, na yalikaa hapo.

"Hapo si tano na nusu," akasema.

Inspekta aliendelea kupanga karatasi.

"Mnasoma vibaya. Huo mstari haugawanywi hivyo, unazidisha. Katikati hapo ni tatu na kidogo." Sauti yake ilianza kupanda. "Na tazameni kilivyozama. Ni arobaini hiyo. Kwa vipuri vya kuokota! Leteni fundi yeyote anayejua afike arobaini bila kugusa sauti za pembeni. Nilivichagua kimoja kimoja, nikavipima wiki nzima, halafu mnakiita takataka?"

Inspekta akaacha karatasi.

"Kilo tatu za nini, kaka?"

Koplo, ambaye kwa mara ya kwanza siku ile alielewa jambo kabla hajaambiwa, alisogea akasimama mlangoni. Inspekta alimwambia mtu yule kwamba kuanzia sasa ana haki ya kunyamaza, na kwamba atakalosema litaandikwa. Naye akasema, na alisema yote kwa mfululizo.

Alikuwa akizichukua maikrofoni za ukumbi na kuzikodisha kwenye sherehe za watu, kisha anazirudisha. Juzi jioni meneja alimfumania nazo kwenye ngazi za nyuma, akalishika begi. Wakavutana. Yeye akasukuma. Hakukusudia, alisema, na Inspekta aliandika kwamba amesema hakukusudia. Alikimbilia garini, na huko simu ikalia. Ulikuwa ujumbe wa shemeji yake.

"Nimeshamkata," akasema. "Mmemsikia? Hakusema tumemkata. Kisanduku nimekiunda mimi, yeye kazi yake ilikuwa kuchomeka waya mbili, halafu anasema nimemkata. Miaka yote ni mimi, mimi, mimi. Nikasema basi, na hili liwe lake."

Aliomba kalamu, akatia sahihi. Mwandiko wake ulikuwa mdogo na ulionyooka.

Inspekta alimpigia mwendesha mashtaka, akamweleza jalada linakuja na jina jingine juu yake, pamoja na mchoro mmoja ambao atamsaidia kuusoma. Kisha akamtoa Fundi Kimya mahabusu, na kabla hawajafika mapokezi alimsimamisha koridoni akamweleza kila kitu, mpaka neno la mwisho. Mzee alisikiliza akiwa ameshika ukuta.

"Alisoma tatu na ngapi?" akauliza.

"Tatu na kidogo. Bila kupima, kwa macho tu."

"Mimi ndiye niliyemfundisha kuusoma mstari ule," Fundi Kimya akasema. Alisema kama anayejisifu, kwa kuwa hakujua namna nyingine ya kusema, lakini machozi yalikuwa yanamtoka.

Mkewe alisimama walipotokeza. Alimwona mume wake, akatazama nyuma yake, akaona hakuna anayefuata. Inspekta alimwambia mwenyewe, kwa maneno machache na ya wazi, kwamba mume yuko huru na ndugu anabaki, na kwa sababu gani. Mama yule hakupiga kelele. Alikaa chini tena, akaushika mkoba wake kwa mikono miwili.

Fundi Kimya alisimama mbele yake.

"Kile kisanduku," akasema, "nilichotamba nacho mji mzima, si changu. Ni kazi ya mdogo wako. Mimi nisingekiweza, hata ujana wangu urudi. Sijawahi kuona kazi safi kama ile."

Mkewe aliinua uso akamtazama.

"Usiniambie mimi," akasema. "Kamwambie yeye."

Mzee akageuka, akamwomba Inspekta amfungulie mlango wa mahabusu.